Mtambo Uliojua Saa

Kaka yangu mpendwa,

Pokea salamu zangu kwanza, mengine yafuate. Natumaini wewe, wifi na watoto ni wazima, na kwamba kifua chako hakijakusumbua msimu huu wa baridi. Sisi hatujambo. Mama anakula vizuri na ulimi wake bado una makali. Juzi alimwambia jirani yetu mshonaji kwamba gauni alilomshonea limemgeuza godoro. Mimi mwili ni mzima ila moyo hautulii, ndiyo maana unapata barua badala ya simu. Kwenye simu ningekata kabla sijafika ninapotaka kufika.

Pale karakana ya makumbusho tuliletewa mtambo wa kale wa shaba, ukubwa wake kama cherehani ya meza. Bosi wetu, tunayemwita Bwana Polepole kwa kuwa hana neno jingine, alisema chochote chenye magurudumu ya meno ni ndugu wa saa, kwa hiyo mgonjwa ni wangu. Nilikaa nao miezi minne kwa mswaki na mafuta. Wasomi waliosoma maandishi ya ubavuni walisema watu wa kale waliutumia kuchora njia za wakati. Unaweka tarehe, unazungusha mpini, na sindano inachora njia za watu wa nyumbani kwako kwenye sinia la mchanga laini. Mstari mnene ni jinsi mambo yalivyokwenda. Mistari myembamba ni jinsi ambavyo yangekwenda, au yanavyoweza kwenda bado, na hiyo huhama kila siku. Kila mtu wa nyumba ni nukta moja. Nilicheka niliposikia. Bwana Polepole naye alicheka, kwa mwendo wake.

Fundi saa hakabidhi kazi bila kuijaribu kwa kitu anachokijua. Nikaweka tarehe ya siku moja kabla ya ile siku ya miadi ya macho ya Mama hospitali. Nilijidanganya kwamba nimeichagua kwa sababu naikumbuka vizuri. Ukweli ni kwamba nilitaka mtambo uniambie Mama angepofuka tu, hata mambo yangekwenda vingine.

Haukuniambia hivyo. Nilitazamia njia igawanyike kwenye saa uliyofika hospitali umechelewa, daktari bingwa ameshaondoka na harudi hadi miezi mitatu ipite. Pale mstari ulipita umenyooka. Uligawanyika siku iliyotangulia, saa nne asubuhi, saa niliyokupigia simu. Kisha ukagawanyika tena jioni ya siku ya hospitali, pale Mama alipokuambia usikanyage tena kwake. Kuanzia hapo nukta mbili zilikwenda pamoja, na moja ikaenda peke yake miaka saba. Pembeni kulikuwa na mstari mwembamba ambao nukta zote tatu zilikutana tena. Nilipojaribu Jumatatu ulikuwa na urefu wa kidole. Jumatano ulikuwa nusu yake. Ijumaa ilinibidi niinamishe taa ndipo niuone, na Kaka, nilikaa sakafuni nikalia hadi mlinzi akaja kuuliza kama nimejikata.

Sasa nikuambie, maana nikizidi kuzunguka nitarudi nilikotoka. Karatasi ya hospitali iliandikwa tisa, nukta mbili, sifuri sifuri. Hiyo ni saa tatu asubuhi, hata mtoto anajua. Mimi, fundi saa, ninayesoma mishale kutwa nzima, nilikuwa na haraka, nikaisoma kama ilivyoandikwa. Nikakupigia nikakuambia umpeleke Mama saa tisa. Ukampeleka saa tisa kamili, umeshamvalisha na kumpa dawa zake. Hukukosea chochote.

Jioni ile Mama alipouliza nani amekosa, ulisema nilikuambia saa tisa. Nami nikasema, mbele yake na mbele yako, kwamba nilikuambia saa tatu. Kisha nikaenda jikoni nikaichana ile karatasi. Ungenibishia ningekuwa na nafuu. Lakini ulisema labda masikio yako yamekukosea, ukaniomba radhi. Kaka, uliniomba radhi mimi! Nikaitikia kwamba yamekwisha. Kwa miaka saba nimekuwa nikisifiwa kuwa mtoto niliyebaki na kumtunza Mama, na kila sifa ilinichoma, nami nikazipokea zote. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Yangu niliirefusha kwa mgongo wako.

Leo asubuhi nilimweleza Mama yote. Nilitaraji anitukane, nilikuwa tayari. Aliniuliza mara mbili kama ni kweli ulimfikisha saa ileile niliyokutajia. Nikasema ni kweli. Akashika ukuta, akaenda chumbani mwenyewe, akarudi amevaa viatu. Hataki nikuite uje. Alisema mtoto aliyefukuzwa haitwi, hufuatwa, na aliyefukuza ndiye anayefunga safari. Akaniagiza nikuombe ruhusa ya kufika kwako, na nikuandikie kwamba hana cha kukuletea ila neno la samahani, na kwamba akikukosa atasubiri.

Kwa upande wangu sina haki ya kuomba, hivyo siombi. Mtambo sijauzungusha tena. Nionyeshe wewe siku, nami nitamleta hadi mlangoni, niuweke mkono wake mkononi mwako. Nitakaa ng'ambo ya barabara. Usiponiita nitaelewa, na hiyo saa nitaisoma sawasawa.

Msalimie sana wifi, na watoto ambao shangazi yao hawajawahi kumwona. Mama anakusalimu akiwa bado na viatu miguuni.

Ni mimi mdogo wako, niliyekukosea,
Fundi Saa