Sitasema Nimekosea kwa Sababu ya Dadu

Jumapili ya pili ya Novemba, Kiseke.

Mvua imenyesha tangu alfajiri, ikapumzika kidogo tulipokuwa tunatoka kanisani, kisha ikarudi na hasira zake. Mimi pia nina hasira, ila zangu hazijapumzika tangu jana jioni.

Naandika kwa utaratibu, la kwanza likae kwanza, ili nikija kusoma mwakani nisijidanganye.

Jana tulishindwa na Butimba. Uamuzi wa mwisho ulikuwa wangu. Uamuzi ulikuwa sahihi.

Sentensi hizo tatu zinakaa pamoja bila ugomvi wowote. Tatizo ni kwamba kwenye kikundi chetu ninayeona hivyo ni mimi peke yangu.

Kwa aliyepotea njia akaangukia ukurasa huu: sisi wa Kiseke tuna kikundi cha mchezo wa vita wa mezani, na wenzetu wa Butimba wana chao. Si karata, si bao, wala si mambo ya kwenye simu. Ni ubao mkubwa wa plaiwudi uliopakwa rangi ya mawe na maji, na juu yake majeshi mawili ya vinyago vya mbao, kila kimoja kimo chake kama kidole gumba. Vyetu amevichonga kaka Deus, fundi seremala, ambaye ndiye kiongozi wetu. Kikosi unakisogeza kwa rula, na unashambulia kwa dadu. Kanuni tulizitoa mtandaoni, tukazitafsiri, tukazigeuza mpaka zikafanana na sisi.

Moja hutaikuta popote pengine: sita inarudia. Dadu ikitua sita, umepata shabaha na unairusha tena, kama kwenye ludo. Hakuna aliyeipigia kura. Siku ya kwanza kabisa Masanja, mwenzetu anayependa utani kuliko ushindi, alipata sita, akaiokota dadu akarusha tena bila kumwuliza mtu. Sote tumekulia kwenye ludo, tukaona ni haki yake. Imebaki hivyo.

Vikokotoo vya mtandaoni havijui sita yetu. Ndiyo maana nahesabu mwenyewe.

Na kwa sababu nahesabu, mwaka huu nilipewa kiti cha mpangaji. Wengine wanatoa mawazo, wanabishana, wanapiga meza, lakini mpangaji ndiye anayesema kikosi gani kinakwenda. Nakiri nakipenda kiti kile kuliko ninavyoonyesha. Kazini, dukani Buhongwa, nachanganya rangi ambayo mteja ameshaichagua. Nyumbani napika alichosema mama. Pale mezani nachagua mimi.

Sasa jana.

Ilikuwa zamu yetu ya mwisho. Kiboko wa Butimba, lile dubwana lao kubwa, alikuwa amesimama katikati ya daraja na pointi tatu tu za uhai zimebaki. Akivuka, wao wanashinda. Akifa, tunashinda sisi. Kanuni inaruhusu kikosi kimoja tu kushambulia kwa zamu, na nilikuwa na viwili vinavyomfikia: wapiga upinde kumi na wanane, na wapanda nyati sita.

Kaka Deus alikuwa ameshawashika nyati. Aliwachonga kwa miezi, pembe moja moja, na jana ilikuwa mara yao ya kwanza kuingia vitani.

"Wapeleke nyati, Koku," akasema. "Hapa hata hakuna cha kufikiri."

Nikafikiri.

Wapiga upinde, dadu kumi na nane. Shabaha yao ni tatu kwenda juu, yaani theluthi mbili: kumi na mbili. Nusu ya hizo inapenya ngozi ya kiboko: sita. Kinga yake inazuia theluthi: zinabaki nne. Halafu naongeza sehemu moja ya tano kwa ajili ya sita yetu, kwa sababu dadu moja kati ya sita hurudi, na kati ya zilizorudi moja ya sita hurudi tena, na ukijumlisha mkia wote mpaka mwisho unapata moja ya tano. Jumla, nne nukta nane.

Nyati wana dadu mbili kila mmoja, kumi na mbili. Shabaha yao ni nne kwenda juu, kwa hiyo nusu: sita. Pembe ni nzito, theluthi mbili zinapenya: nne. Toa za kinga: mbili na theluthi mbili. Ongeza moja ya tano: tatu nukta mbili.

Kiboko ana tatu. Tatu nukta mbili ni kusimama kwenye ukingo wa jiwe ukiomba upepo usivume. Nne nukta nane ni kukaa chini kabisa.

"Wapiga upinde," nikasema.

Kaka Deus aliwarudisha nyati polepole, kama mtu anayerudisha sahani kabla hajashiba.

Nikarusha. Shabaha nane, nilipotegemea zaidi ya kumi na mbili. Kati ya hizo, iliyotua sita ilikuwa moja tu, nikairusha tena, ikakosa. Kati ya nane zikapenya tatu. Tatu zilikuwa bado zinatosha! Sharifa, mpangaji wa Butimba, akapuliza mkononi, akarusha dadu zake za kinga. Mbili hazikufika. Ya tatu ikatua tano, ikazuia.

Kiboko akabaki na pointi moja. Zamu yao ilipofika akavuka daraja.

"Shoga," Sharifa akaniambia, anafuta machozi ya kicheko, "kiboko wangu anashukuru kwa mishale. Ngozi ilikuwa inamwasha, umemkuna vizuri."

Nilicheka. Ilikuwa haki yake, na ilichekesha.

Kilichofuata hakikunichekesha. Kikundi chetu kina desturi. Kabla vinyago havijarudishwa sandukuni, yule ambaye uamuzi wake umetupoteza anasimama na kusema neno moja: nimekosea. Basi. Hakuna hotuba wala faini, mnafunga sanduku mnakwenda kunywa chai. Asiyesema hashiki dadu mpaka aseme. Desturi ilianza kwa sababu nzuri, kila mtu alikuwa analaumu dadu na tulikuwa karibu kuvunjika. Mimi mwenyewe nimeshalisema, tena kwa moyo mweupe, pale nilipostahili.

Wote wakanigeukia. Nikasimama.

"Tumeshindwa," nikasema, "na naumia. Lakini sijakosea."

Masanja akajaribu kuniokoa kwa utani: "Profesa, sema tu, kiboko mwenyewe hayupo, ameshavuka."

"Sijakosea, Masanja."

Kaka Deus akafunga sanduku bila kunitazama. Tulirudi Kiseke, yeye mbele na sanduku, mimi nyuma.

Sasa mambo yako hivi. Tumeshinda mchezo mmoja, Butimba wameshinda mmoja, Jumamosi ni wa tatu. Nisiposema, sikai kwenye kiti.

Leo mchana, kabla mvua haijarudi, nilikaa na kalamu nikahesabu vizuri zaidi, maana wastani hausemi yote. Wapiga upinde wangemuua kiboko yule karibu mara saba katika kila nane. Nyati, karibu mara tano katika kila nane. Jana niliangukia ile moja iliyobaki. Haikuwa imejificha. Nilijua ipo nilipokuwa nachagua, na bado nikachagua, kwa sababu upande wa pili zilikuwa tatu.

Ndiyo sababu neno lile silisemi. Nikisema nimekosea, maana yake Jumamosi nikikutana na hali ileile nichague nyati. Nitakuwa nimejifundisha ujinga kwa mdomo wangu mwenyewe, mbele ya mashahidi.

Mama hununua dagaa wabichi mwaloni, kule mitumbwi inakoshusha samaki, na kuwaanika mwenyewe. Asubuhi anatazama mbingu, jua kali, anatandika. Saa nane mvua inashuka kutoka ziwani, dagaa wanaloa. Alikosea kutandika? Nilimwuliza leo tukiwa jikoni.

"Mimi nikilowesha dagaa naisema mvua," akajibu. "Lakini dagaa hawana kikundi, mwanangu. Wewe unacho. Ni neno moja tu, litamke."

Jioni kaka Deus akaja. Nilisikia hodi, nikajua ni yeye kabla sijafungua.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, baba. Karibu, umeloa mpaka kwenye mifupa."

Alikaa, akapewa chai, akaizungusha kikombeni muda mrefu. Kisha akasema jambo ambalo nataka kuliandika kwa haki, kwa sababu ni la kweli.

"Koku, neno lile halihusu dadu. Linahusu sisi kuweza kukaa meza moja wiki inayofuata. Kila aliyelisema alikuwa na sababu zake. Na wewe una zako, lakini zako umeziandika kwa namba, basi unaona ni tofauti."

Liliniuma. Nikamwambia niko tayari kusema pole. Niko tayari kusema nimewaangusha, kama wanajiona wameangushwa. Nitabeba ubao peke yangu mpaka Butimba wakitaka. Ila nimekosea, hapana, maana hilo si neno la adabu tu. Hilo linadai kitu kilichotokea, na hakikutokea.

Kisha akatoa mfukoni kopo la dadu, akalimimina mezani, kati ya vikombe.

"Haya. Rusha hapa hapa, mimi nitarusha kinga. Ukimuua kiboko, hakuna cha neno, Jumamosi unakaa kwenye kiti, na nitawaambia wenzetu mimi mwenyewe. Usipomuua, unasema."

Mama akaweka mwiko chini. "Si uliniambia saba kwa nane? Rusha, binti, tumalize tule!"

Nakiri hapa, kwa kuwa huu ni ukurasa wangu: nilitamani. Mkono ulikuwa umeshafunguka. Kwa hesabu zangu mwenyewe ilikuwa biashara nzuri kuliko zote nilizowahi kupewa. Saba dhidi ya moja, na kiti ni changu. Mtu yeyote anayejua kuhesabu angerusha.

Nikaurudisha mkono.

"Sirushi, kaka."

"Unaogopa."

"Siogopi. Ila nikirusha zikanipa, nitakuwa nimekubali kwamba dadu ndizo zinazosema nani alichagua vizuri. Na kama leo zina haki ya kunisafisha, basi jana zilikuwa na haki ya kunihukumu. Hazina. Wala leo, wala jana."

Mama akatazama dari. "Mungu wangu, huyu nilimzaa mimi?"

Kaka Deus akacheka, mara ya kwanza tangu jana. Akaanza kuzirudisha dadu koponi moja moja. Sikumsaidia, kwa kuwa siruhusiwi kuzishika. Aliliona hilo, na nadhani lilimgusa kidogo, kwa sababu aliinamisha kichwa.

Mlangoni akageuka. "Nikuulize la ukweli. Ningekuwa nimehangaika mwaka mzima na wapiga upinde, na nyati nimewachonga kwa siku moja, ningebisha?"

"Usingebisha."

"Mh," akasema, akapandisha kola ya koti. "Lakini desturi ni desturi, dada. Mimi siwezi kuivunja kwa ajili yako."

"Sijakuomba uivunje."

Akaondoka.

Haikupita muda ujumbe ukaingia kwenye kundi letu la WhatsApp, kutoka kwake: Jumamosi mpangaji ni Masanja, mpaka Koku atakaposema. Masanja akajibu kwa kile kikatuni cha uso unaolia, kisha akaandika kwamba yeye hata kuchagua soda humchukua nusu saa.

Niliusoma ujumbe wa kaka Deus mara kadhaa. Nilitegemea moyo uzame, ukazama kweli, sitajifanya. Kiti kimekwenda. Nimekipoteza nikiwa nimeshika mkononi nafasi ya kukirudisha, saba katika nane, na nikaiacha kwa hiari.

Lakini chini ya kule kuzama palikuwa na kitu kigumu, na nilipokanyaga hakikusogea.

Nikaandika kwenye kundi, wote wakiwa wanasoma:

"Jumamosi tulishindwa, na poleni wote, najua mlimtaka yule kiboko kama mimi. Nilichagua vizuri. Nikipewa hali ileile nitachagua vilevile. Nitakuja Butimba. Masanja akiniuliza hesabu nitampa zote, za nyati na za upinde, bila kupendelea. Neno mnalolisubiri nitalisema siku nitakapokosea, na siku hiyo hamtahitaji kunikumbusha."

Nimetuma. Tiki zote zimekuwa za buluu.

"Umesema?" mama akauliza kutoka jikoni.

"Nimesema."

"Neno lao?"

"Langu."

Akaguna, akaniita nile. Chakula kimepoa na mvua bado inapiga bati. Jumamosi nitasimama nyuma ya kiti badala ya kukikalia, na itaniuma kila zamu. Wataniuliza tena, mbele ya Sharifa na watu wake, kama niko tayari.

Nitawatazama usoni niwaambie siko tayari.