Kilichomsukuma Baba

Mama yangu,

Shikamoo. Nakuona ukiitika marahaba huku unapapasa mikunjo ya kanga kutafuta miwani, na miwani iko kichwani. Magoti yanasemaje? Dada Zuhura ameniambia vidonge vya presha unavimeza siku unayojisikia, siku nyingine unavipa likizo. Mama, dawa haina likizo. Mimi mwili wangu mzima, alhamdulillahi. Nakula, nalala, ingawa kwenye kulala ndipo penye maneno, na nitayafikia.

Utashangaa, mtoto anapiga simu kila Ijumaa, barua ya nini tena? Ni kwa sababu simu yako ni redio ya mtaa. Unaweka spika, Bi Mwajuma wa jirani anaitika kabla yako, na sijamaliza salamu Zinga nzima inajua nimekula nini. Haya ninayokuandikia si ya spika. Yasome mwenyewe, chumbani, mlango umeufunga. Hata Zuhura usimpe akusomee. Ukimaliza utaamua wewe nani aambiwe, ila kuna jambo moja nitakuomba, na hilo ndilo lililonichanisha karatasi tano kabla ya hii.

Nianze na la heri. Ile kazi ya lori la maboksi nimeiacha. Sasa naendesha lori la tangi, la maziwa, huku huku Ohio, vijijini. Alfajiri napita zizi hadi zizi, kila mfugaji ananipakilia ya kwake, mpaka tangi lijae nilipeleke kiwandani. Lakini huku hupandi lori la tangi kwa sababu tu unajua kuendesha. Lazima leseni yako iongezewe herufi moja inayokuruhusu kubeba mzigo wa majimaji, na herufi hiyo ina kitabu chake na mtihani wake. Nikajisemea, mimi mtoto wa dereva wa boza la maji, nimekulia mapajani mwa baba usukani uko mbele yangu, maji yatanishinda nini? Kumbe.

Mkufunzi wetu ni mama wa makamo anaitwa Donna, ana mikono ya mchimba visima na sauti ya kuitia ng'ombe. Siku ya kwanza darasani alichukua dumu kubwa la maji, akayamwaga yakabaki nusu, akalilaza juu ya toroli la ghalani. Akalisukuma lile toroli, halafu akalizuia ghafla kwa mguu wake. Likasimama. Akauondoa mguu. Toroli limetulia tu, sisi tunatazama. Mara maji yakaja mbele, yakapiga ukuta wa dumu, na toroli likatembea lenyewe. Hakuna aliyeligusa.

"Mmeona?" akasema. "Wewe umefunga breki. Mzigo haujafunga."

Wenzangu walicheka. Mimi nilikuwa bado nalitazama lile toroli.

Akaendelea kutueleza. Tangi likijaa pomoni, maji hayana pa kwenda. Likiwa tupu, hakuna cha kukusukuma. Balaa ni nusu. Matangi mengine yana kuta za ndani zenye matundu, zinayavunja maji nguvu, lakini ya maziwa hayawekewi, maana kona zake zingeshika uchafu. "Utasimama," akasema, "na utaona kabisa umesimama. Halafu kitu kitakusukuma. Utatazama nyuma na hutaona gari."

Mama, hayo ni maneno ya nani? Ndivyo alivyosema ndugu yako, Mjomba Shabani, walipomtoa mguu umevunjika ndani ya boza la Baba, lililotumbukia pale kwenye daraja dogo, ile barabara ya vumbi inayoingia ndani kutoka Kerege. "Shemeji alifunga breki, gari likasimama kabisa. Kikaja kitu kwa nyuma kikatusukuma. Nikageuka, barabara nyeupe." Aliyasema hospitali, akayarudia matangani, na kila alipoyarudia watu walimgeukia Shangazi Mwanahawa.

Siku tatu kabla, yeye na Baba, kaka na dada wa tumbo moja, walikuwa wamegombana barazani kwetu kwa ajili ya ile mikorosho ya babu. Akaondoka kwa hasira, akasema mbele za watu, "Nenda, kaka, nenda tu. Huko mbele utanikumbuka." Maneno ya ndugu waliokasirika, nyumba gani hayajasemwa? Lakini Baba alipokufa yakawa ushahidi. Mtu kasema huko mbele utanikumbuka, na huko mbele kitu kisichoonekana kimewasukuma. Nani tena angetafuta sababu nyingine? Wewe mwenyewe, umo ndani ya eda, ulisimama mlangoni ukamwambia asikanyage tena uwanja wako. Akajifunga kanga yake vizuri, akarudi Kiwangwa.

Na kila msimu analeta mananasi. Kila msimu kapu linashushwa kwenye gari la Kiwangwa, na kila msimu unaamuru yazikwe, yasije yakatumaliza na sisi. Shimo la kwanza nililichimba mimi. Yalikuwa yameiva, yananukia uwanja mzima, na mimi nayafukia.

Siku ya mtihani nilikaa mbele ya kompyuta kwenye ofisi ya leseni, maswali yanakuja moja baada ya jingine, nabonyeza. Likaja la tangi la nusu. Jibu nilikuwa nalijua. Mkono haukwenda. Nilikaa mpaka karani akanijia kuuliza kama mashine imekwama. Nikamwambia mashine nzima. Nilifaulu yote, Mama, na tangu nizaliwe sijawahi kufaulu mtihani nikatamani ningeufeli.

Kisha ikaja siku ya uwanjani. Tangi walilijaza maji nusu, makusudi. Donna yuko kando yangu. Nikaliondoa, likakolea mwendo, akasema, "Funga." Nikafunga. Lori likasimama, nikashusha pumzi, nikalegeza mguu.

Kikaja. Hakikuja kwa kishindo kama nilivyotarajia. Kilikuja kama mtu mzima anapokuwekea kiganja mgongoni akakusogeza, taratibu, bila hasira. Lori lote likaenda mbele pamoja na mimi ndani yake. Nikageuka kutazama nyuma. Nilijua hakuna kitu, lakini shingo iligeuka yenyewe. Uwanja mweupe.

Donna akaniambia nisiwe na haraka ya kuachia breki. Kisha akaniona uso. "Vipi wewe?"

"Ni baba yangu," nikasema.

Akatazama kwenye kioo, akanitazama mimi. Akanyoosha mkono akazima injini. Na ilipozimika tukayasikia yale maji yanaendelea kutembea huku nyuma, yanakwenda, yanarudi, yanakwenda, mpaka yakachoka. Nililia mbele ya mama wa watu bila aibu. Alidhani nimeliogopa lori.

Sasa naingia kwenye lenyewe. 

Siku ile wewe na Zuhura hamkuwepo nyumbani. Mlikwenda kumtazama mzazi. Mimi nilikuwa uani nafyatua matofali ya kile chumba changu, kiangazi kimekaza, kisima kimebaki tope. Baba akapita na boza limejaa, anawapelekea mafundi wa barabara maji ya kumwagia kifusi. Nikasimama katikati ya njia nikampungia. Akakataa. "Maji ya watu haya, Idrisa." Nikambembeleza, akakataa tena. Ndipo nikamwambia neno la kitoto, "Kila siku unainywesha barabara, mwanao huna hata pipa la kumpa."

Lilimchoma. Nilimwona. Akageuza gari, akaliingiza uani, akasema, "Haya, kidogo," akaingia ndani kuswali adhuhuri. Koki niliifungua mimi. Nikajaza mapipa, nikajaza shimo la udongo, nikajaza na lile tangi la saruji la kuogea, na mimi tamaa imenishika sifungi, mpaka maji yakafika kwenye mchicha wa jirani. Alipotoka nusu nzima ilikuwa imekwisha. Alinifokea sana. Akaifunga koki mwenyewe, akapanda, akanitazama kutoka juu dirishani, akasema, "Sasa umeniachia gari la kucheza."

Sikumwelewa. Nilidhani ni mzaha, kwamba gari limekuwa jepesi. Nikacheka, Mama. Baba yangu ananiaga kwa mara ya mwisho duniani na mimi nimemjibu kwa kicheko, tope mpaka magotini. Mjomba Shabani alipanda mbele huko, njia panda, kwa hiyo hata yeye hakujua kuwa tangi ni nusu. Aliyejua ni marehemu na mimi.

Utaniuliza kwa nini nilinyamaza. Mwanzo niliogopa watamwita marehemu mwizi wa maji ya tajiri wake, na kaburi lake bado bichi. Kabla msiba haujajaa watu nilikwenda kuyafunika yale mapipa kwa mabati. Halafu waliposema ni Shangazi, nikaona basi, hata haina haja. Wallahi sikujua kuwa maji yale ndiyo yaliyowasukuma, hilo nimelijua kwa Donna. Lakini kwamba nimeficha neno, nilijua. Nilijua kila nilipomwona Shangazi anapita mbali na harusi zetu. Nikamwacha mtu mzima, dada wa baba yangu, abebe, kwa kuwa kwangu ilikuwa nafuu. Na matofali yale niliyamalizia baada ya arobaini. Ndicho chumba anacholala Zuhura na wanawe hadi leo.

Umeshaelewa kwa nini silali. Kazi yangu ni nusu tangi kila siku iendayo kwa Mungu, maana kutoka zizi la kwanza hadi la mwisho tangi ni la kujaa kidogo kidogo. Kila nikisimama, kile kiganja kinakuja mgongoni. Wenzangu wamekizoea, wananiambia na mimi nitakizoea. Mimi namwitikia. Nasema, "Nipo, Baba," peke yangu kwenye lori, kama mwehu. Kuna siku nahisi ananisogeza kwa upole, na kuna siku nahisi ananiuliza mbona bado sijasema.

Nilijaribu kuanza na Shangazi. Namba yake nilipewa na Zuhura, kwa siri, usimgombeze. Nikapiga. Akaitika, "Nani mwenzangu?" kwa ile sauti yake ile ile, imezeeka tu. Nikakata. Akapiga yeye, nikaiacha inalia mpaka ikanyamaza.

Zuhura anasema macho yake yameingia ukungu, siku hizi mananasi anayachuma kwa kupapasa. Na bado analeta. Mama, mtu aliyeua angeleta mananasi miaka yote hii, kwa watu wasiompokea hata salamu?

Ombi langu ndilo hili. Nenda Kiwangwa. Usimtume mtu, nenda wewe, kwa sababu mlango uliofungwa ni wako. Mwambie Mwanahawa hakuna aliyemroga kaka yake, kulikuwa na tangi nusu, na aliyelifanya nusu ni Idrisa. Kama ulimi utakuwa mzito, mpelekee barua hii asomewe, mbele ya watu wengi kama wale waliokuwepo siku ya kumfukuza. Kumwita Baba mwizi, hawatamwita. Na wakimwita, waambie alimpa mwanawe maji kwa sababu mwanawe alimsimanga.

Radhi yako naitaka kuliko kitu chochote, wewe unalijua hilo. Nimekunyang'anya mume, na wifi pia nimekunyang'anya. Ukininyima nitanyamaza, sitakulaumu. Ila usinisamehe kabla yeye hajasema lake, maana kati ya madeni haya mawili la kwake ndilo lililokaa muda mrefu. Nimeomba ruhusa kazini, wakinipa nitashuka Dar nipitilize hadi Kiwangwa kwanza, ndipo nije Zinga, ukinikubalia.

Nisalimie dada yangu Zuhura, mlezi wangu wa pili, na wanawe, uwapige busu kwa ajili yangu. Nisalimie Bi Mwajuma, jirani yetu na msikilizaji wetu. Nisalimie Mjomba Shabani na mguu wake, umwambie hakusema uongo hata siku moja, ni kweli walisukumwa.

Katika salamu zangu zote tangu Baba atutoke kuna mtu mmoja nimekuwa nikimruka, kwenye simu, na hata kwenye dua. Leo msalimie Shangazi Mwanahawa, dada wa baba yangu. Mwambie Idrisa anampa shikamoo, na kuitikia si lazima.

Na kapu la msimu huu likifika, Mama, usiite mtu wa kuchimba shimo. Chukua kisu, menya nanasi moja, ule.

Mwanao,
Idrisa, niliyefungua koki.