Wa Kufunga Msafara

Oxford, Jumanne

Mwanangu Imogen,

Mimi mzima, ila goti linanisumbua. Mvua haikatiki. Mwavuli mwekundu wa mama yako ninao mimi.

Jana nilirudi kutembeza wageni, mara ya kwanza tangu tumzike. Siku hizi wanauliza vyoo zaidi kuliko miungu ya Wagiriki. Kwenye kile kichochoro nikawasimulia habari za Orfeo, aliyemfuata mkewe kuzimu, akaambiwa asigeuke nyuma mpaka watoke, akageuka, akampoteza. Kisha tukapita kimya, bila mtu kugeuka, kama desturi yetu. Tulipotokea upande wa pili nikapaza sauti, kama nilivyomwita mama yako miaka thelathini alipokuwa akifunga msafara, nyuma ya wageni wote, na mwavuli wake: "Winifred, wametimia?"

Halafu bibi mmoja mwenye mkongojo akajibu kutoka nyuma, "Tumetimia, mzee mwenzangu. Twende."

Nikageuka. Wageni kumi na mmoja wananitazama, nami nalia kama mtoto.

Imogen, ni mimi niliyekukataza kuja mazishini. Hasira tu. Nilikosea.

Jumamosi natembeza tena, saa nne asubuhi. Njoo ushike mwavuli, utembee nyuma. Nikiita, uitike wewe.

Baba yako,
Edmund