Sultani Hamwinukii Mtu

Dunda, Bagamoyo
Jumapili, masika ya 1975

Mdogo wangu Shabani,

Tangu tukuzike wakati wa vuli, kila Jumapili huandika neno juu yako katika shajara, kisha nalifuta. Leo sifuti.

Mwalimu Mkuu amekitoa kiti chako darasani. Kile alichokuundia Baba, chenye ubao wa kuegemeza kichwa na mkanda wa kanga kifuani usianguke. Kimetupwa stoo, kimerundikiwa majembe.

Unakumbuka siku yako ya kwanza? Nilipoingia, darasa zima likasimama kuniamkia. Wewe ukabaki umekaa, shingo imelalia bega, mate yanakutoka. Mwajuma, uliyewekwa karibu naye, akasema, "Mwacheni. Sultani hamwinukii mtu." Wakacheka, nawe ukacheka kuliko wote, kwa ile sauti yako ya kukoroma. Tangu hapo niliwaambia waniamkie wakiwa wamekaa. Mwajuma ndiye aliyekuwa akikufuta mate, ndiye aliyejifunza macho yako: juu ndiyo, chini siyo. Nikiuliza hesabu, alikutajia namba mojamoja mpaka macho yapande. "Anasema saba, Mwalimu." Na ilikuwa saba.

Homa ilikuchukulia nyumbani, kichwa chako mapajani mwa Mama. Lakini watu wanasema shule ndiyo iliyokuua. Wiki iliyopita alikuja mama mmoja wa mtaa wa nyuma yetu, amembeba binti yake Zuhura, hatembei wala hasemi. Mwalimu Mkuu hakumkaribisha hata kiti. "Tulimpokea mmoja wa namna hii, akafa. Mrudishe nyumbani." Mama yule alimfunga mwanawe upya mgongoni, akaondoka bila kuaga.

Ijumaa Mwalimu Mkuu aliingia darasani kwangu, akaamuru wasimame kama zamani. Walisimama. Mwajuma alibaki amekaa. Nilimwombea, nikaambiwa nitoke nje. Nilivisikia viboko nikiwa barazani. Niliporudi, alikuwa amekaa vilevile, mikono ameificha kwapani.

Shabani, wewe...

Jana nilikitoa kiti stoo, nikakiosha. Mkanda umeliwa na panya, nimeshona mwingine kwa kanga ya Mama. Mwalimu Mkuu amekwisha kunitajia uhamisho wa kwenda shule ya Miono, mbali na nyumbani. Na iwe. Nakuahidi, kesho kabla ya kengele nitampitia Zuhura, na atakikalia. Wakimtoa, keshokutwa nitamrudisha, mpaka siku watakayonitoa mimi.

Mola akulaze pema, Sultani wangu. Kesho nikiingia darasani, sitaki mtu ainuke.

Dada yako,
Mwanahamisi