Wimbo wa Kilio cha Mama Unaombwa Japani

Baba yangu mpendwa,

Pokea salamu za binti yako Sifa, kutoka huku kambini Nakivale, Uganda. Mguu wako je, umeacha kuvimba? Na mvua huko kwetu Baraka imefika, ama bado munaangalia mawingu tu? Sisi tuko wazima, muhogo umeshika vizuri, Mungu asifiwe. Lakini usifurahi haraka, Baba. Nimekuja na ombi, na najua ulivyo mgumu, unisamehe. Ni juu ya wimbo wako, ule uliotunga kwa kilio cha Mama.

Sikiliza kwanza. Kuna mwimbaji mmoja Mjapani, dada wa miaka thelathini hivi, anaitwa Tomoe. Alikuja Mbarara kurekodi wimbo wake mpya, akataka wanakwaya wa kumuitikia. Wakatuchagua akina mama sita wa kanisa letu. Wazee wa kanisa wakauliza: ni wimbo wa dunia, si wa Mungu? Mkalimani, bwana mmoja wa Mbarara, akajibu, "Hapana mzee, hii wimbo iko ya mama yake, ile alikufa." Wakaturuhusu.

Basi studio, Baba! Kuta zote sifongo, ukikohoa kikohozi kinamezwa palepale. Tukavalishwa vya kusikilizia masikioni. Tomoe akaingia chumba chake cha kioo, sisi tukaambiwa tungojee zamu, tusiguse kitu. Akaanza. Aka! Sauti inakatika, inatetemeka, anavuta pumzi kama mutu aliyeletewa habari mbaya sasa hivi. Tukaangaliana. Mama Faida, mkubwa wa kwaya yetu, akasema, "Huyu mutoto analia, na sisi tunamuangalia tu? Hatuna haya?" Akafungua mlango wa kioo, akavua kitenge cha juu, akakitandika, akaketi. Sote nyuma yake, tukaketi chini kama inavyopasa kwenye kilio, tukimvuta Tomoe mkono.

Fundi wa mitambo akapiga kelele, "Nyinyi nafanya nini huko? Toka! Toka!" Kumbe hakuwa analia, Baba. Ndivyo anavyoimba! Haya ilinishika mpaka masikio yakawaka.

Lakini Tomoe akataka kujua tulikuwa tunafanya nini. Mkalimani akamweleza kwamba kwetu mtu aliyefiwa haachwi alie peke yake, watu wanaketi naye chini. Kisha naye akaketi kwenye kile kitenge, na safari hii akalia kweli. Alisema mama yake alipozikwa, siku ya nne yeye alikuwa jukwaani, anaimba na kuwachekea watu. Akatuomba tumuimbie tunavyoimba kwetu.

Wenzangu wote wakaniangalia mimi, binti wa mtunzi. Unajua sikuwa nimeimba wimbo wa kilio tangu Mama alipokufa. Njia zilifungwa kwa vita, sikutupa hata konzi moja ya udongo kaburini. Wimbo wako niliusikia kwenye simu tu, ukikatikakatika. Siku ile ya studio niliuimba, beti zote nne, na wenzangu wakaitikia. Fundi hakuwa amezima mitambo, ikanaswa yote.

Sasa Tomoe anataka sauti ile iwe mwanzo wa wimbo wake. Nilimwambia ule ni wimbo wa baba yangu, na baba yangu hajawahi kukubali wimbo wake utoke nje ya kanisa. Akasema atangojea jibu lako, na jina lako litaandikwa. Wenzangu wananicheka: "Si ungekubali tu, mzee angejulia wapi, fasi gani?" Siwezi. Mama alikuwa mke wako kabla hajawa mama yangu.

Mwambie anayekuletea barua hii ndiyo au hapana, atanipigia. Moyo wangu unataka ndiyo, sikufichi. Ukikataa nitanuna siku mbili, halafu basi.

Nisalimie mdogo wangu Zawadi anayekupikia, shangazi wa sokoni, na mchungaji aliyemzika Mama. Mwambie mchungaji nimeketi chini katikati ya watu, Baba, nikamlilia mama yangu.

Ni mimi, binti yako,
Sifa