Nusu ya Kidonge cha Mama Yako

Katuba, Lubumbashi,
tarehe 9 Machi 2025

Mpendwa mwipwa wangu Rehema,

Kabla ya salamu, ujue barua hii inatoka kwa mtu ambaye hospitali moja kubwa ya hapa mjini inamtegemea kama nyumba inavyotegemea nguzo. Tangu niwarekebishie mlango wa chumba cha dawa, ule uliowashinda mafundi wa Likasi na wa Kolwezi, madaktari wakikutana nami kwenye korido wanasimama. Mmoja alitaka kunivulia kofia, ila hakuwa nayo.

Sasa salamu. U hali gani huko Liège? Baridi imepungua? Zakari mume wako mzima, na watoto? Sisi tunamshukuru Mungu. Mvua bado inanyesha, mahindi nyuma ya nyumba yamenipita urefu, na unajua mimi si mfupi. Mama yako anakula, anatembea, anacheka. Ninaanza na hilo ili usisome yanayofuata ukitetemeka.

Ni kweli, alilazwa. Hatukukuambia kwa simu kwa sababu simu ya kwetu inasikilizwa na lupango mzima, kila mlango wa ua huu. Ndiyo maana barua hii nimempa jirani yetu Symphorien, anayepanda ndege uwanjani Luano kesho kutwa kuja huko, mkononi, ikiwa imefungwa.

Asubuhi moja kichwa kilimshika mama yako, macho yakaona giza, akakaa chini jikoni na sufuria mkononi. Nilimbeba mgongoni mpaka barabarani, na walioniona wanasema nilipita pikipiki mbili. Tansio yake, yaani presha ya damu, ilikuwa imepanda mahali pabaya sana.

Dokta Chola, mwanamke kijana mwenye sauti ya upole, alitazama vidonge unavyotuma akashangaa. Dawa nzuri, kipimo kizuri, na tansio haisikii. Akasema huenda ataongeza nguvu ya dawa, ila kwanza anataka kujua mgonjwa anameza nini kwa kweli. Tena mashini yao, ile kompyuta, inataka namba ya kila sababu: iko namba ya dawa iliyomezwa yote ikashindwa, na iko namba ya mgonjwa aliyemeza pungufu kuliko alivyoandikiwa. Na ukisema pungufu, mashini haijashiba, inauliza sababu. Alisahau? Alikosa uwezo? Au alipenda mwenyewe?

Hapo, mwipwa, njo nilielewa kazi yako. Miaka yote nawaambia watu kwamba wewe ni msimamizi wa hospitali zote za Ubelgiji. Kumbe unakaa na dosie, faili za wagonjwa, na kuzipa namba. Kusema kweli, ni kazi kubwa kuliko ile niliyokupa.

Basi nikajibu mimi, kwa niaba ya ukoo. "Dokta, huyu dawa yake inatoka Poto, huko Ulaya. Anameza yote. Miye mwenyewe nasimamia."

Mama yako akawa anakunja pindo la kitenge. Pembeni ya kitanda alikaa Mama Madeleine, yule Mkasai wa mlango wa pili, aliyekuwa amemletea uji. Akaweka bakuli chini.

"Fundi Mawazo, wewe unasimamia mbao," akaniambia. "Dokta, hapana kuongeza dawa. Yaya Alima, huyu dada yetu, anakata kidonge na kisu ya mukate. Nusu anakunywa yeye, nusu iko yangu."

"Madeleine, nyamaza," mama yako akasema.

"Sinyamaze. Unataka kufa juu ya nusu kidonge?"

Dokta akauliza kwa nini. Mama yako akamtazama kama mtu aliyeulizwa kwa nini watu wanaamkiana. "Mutoto wangu, kintu ya kutoka Luano, hapana kula peke yako. Sabuni tunakata. Kitenge tunakata. Huyu naye iko na tansio, na kule Poto hana muntu. Nimeze yeye akiniangalia?"

Unajua mwenyewe adabu ya lupango wetu. Hata ile chokoleti ya mwaka jana, kila mtoto alilamba, na mbuzi wa jirani Dominique alipata karatasi.

Dokta Chola hakumkaripia. Alimshika bega akamweleza kwamba kama angeongeza dawa, halafu siku moja mama yako akaanza kumeza vidonge vizima, damu ingeshuka ghafla na angeanguka, pengine asiinuke. Akampima na Madeleine palepale. Kumbe Madeleine alihitaji dawa nyingine kabisa. Ile nusu haikuwa yake hata kidogo.

Ikabaki namba. Kusahau, hapana. Kukosa uwezo, hapana, maana wewe unatuma. Dokta akasema basi iliyobaki ni ya kupunguza dawa kwa makusudi, kwa sababu nyingine.

Mama yako akalia. Kichwa kilipokuwa kinampasuka hakulia, akalia hapo. "Makusudi? Miye? Rehema akisoma ile namba atasema mama alitupa jasho yangu." Tukamwambia namba ya Lubumbashi haifiki Liège. Haamini. Kwake yeye, namba zote za wagonjwa wa dunia zinapita mezani kwako, na pengine kosa hilo ni la masimulizi yangu.

Dokta akaandika na maneno chini ya namba: aligawana na jirani yake. Akasema mashini haitayahesabu, lakini dokta mwingine atayasoma.

Kwa hiyo nakuomba, mpigie. Usianze na dawa. Mwambie tu kwamba hukukasirika. Mimi nimemwambia mpaka nimechoka, ila maneno yangu, sijui kwa nini, watu wanayapunguza kabla ya kuyameza.

Siku hizi Madeleine ana vidonge vyake kutoka dispansari ya masista. Asubuhi wanakaa mlangoni, kila mmoja anameza chake kizima, halafu wanafunuliana midomo kukaguana. Wakimaliza wanagawana chai. Tansio ya mama yako imeshuka vizuri. Wewe endelea kumtumia dawa yake, na ukipata nafasi, ongeza sabuni. Hiyo inakatika bila hatari.

Mke wangu Mariam anakusalimu, na mwanetu Idrissa, na Madeleine anayesema usimkasirikie. Tusalimie Zakari na watoto. Mungu akupe usingizi mzuri katika baridi hiyo, na mkono wako usichoke.

Limebaki jambo dogo, ulisome peke yako. Siku ile, nilipokuwa nawaelekeza manesi namna ya kupima, walinifunga kile kitambaa mkononi na mimi. Tansio yangu ilikuwa juu kuliko ya mama yako. Nimepewa vidonge, vidogo kama punje za mtama, na vinanishinda. Naogopa, mwipwa. Vya kwanza nilivitema kwenye maranda ya mbao. Sasa kila asubuhi mama yako ananikandia tonge la bukari, ugali wetu, anakificha kidonge ndani, na ananishika mkono mpaka kipite. Ukipiga simu saa hiyo na hatupokei, ujue njo tuko hapo.

Mjomba wako akupendaye,
Mawazo