Safu ya Tatu, Mkono wa Kuume

Kisangani, Jumamosi jioni, mwezi wa kumi

Mvua ilinyesha alfajiri ikakatika kabla ya kengele ya misa, na tangu hapo mji umekuwa kama chungu kilichofunikwa. Shati lilinigandia mgongoni kabla sijamaliza chai. Niliamka na aibu ile ile niliyolala nayo tangu Jumatano. Ngoja niiandike, maana leo nimeitua.

Jumatano nilimtumia dada yangu Bernadette picha ya kaburi, nikamwandikia: "Nimempata mama."

Sikuwa nimempata.

Dada yuko Kigoma. Ndiko tulikokimbilia pamoja wakati wa vita, ndiko tulikozeekea. Magoti yake hayamruhusu tena kusafiri, kwa hiyo alinituma mimi. Mama tulimzika hapa wiki moja kabla ya kukimbia, kaburi la udongo, msalaba wa mbao, jina kwa rangi nyeusi. Mbao na rangi havidumu katika mvua za huku, hilo tulilijua. Lakini mimi nilikuwa na maelekezo kichwani, na kwa miaka yote ya ugeni nilimrudia dada maneno yale yale: safu ya tatu, mkono wa kuume, mwisho kabisa, kando ya mtaro.

Basi nimefika. Nikaingia kwa lango kubwa, nikahesabu safu tatu, nikageuka kuume. Mtaro hakuna. Nikajiambia umefukiwa. Mwisho wa safu niliona kaburi la vigae vyeupe, zuri sana, lenye nafasi tupu pale kibao cha jina kilipong'olewa. Nilikwenda siku nne mfululizo. Siku ya nne nikapiga picha.

Dada alinijibu kwa sauti iliyorekodiwa, analia na kucheka kwa pamoja. Sikuweza kuisikiliza hadi mwisho.

Mama mwenye nyumba ninayopanga ndiye aliyeniambia kwamba kuna binti mmoja, Clarisse, anayetembeza watu kila Jumamosi katika mitaa ya zamani ya maduka na kumalizia makaburini. Nilikwenda kwa nia mbaya, nikiri. Nilitumaini atasema jambo lolote, hata dogo, litakalofanya kaburi lile la vigae liwe la mama yangu.

Clarisse ana miaka kama thelathini, viatu vya mpira, mwavuli wa kiume, na daftari lililofungwa ndani ya mfuko wa plastiki. Tulikuwa sita. Mwenye maneno mengi zaidi alikuwa papa Kambale, mfanyabiashara wa Butembo anayeuza mabati kwa jumla, ambaye alisema ameishi mji huu miaka kumi na mbili na hajawahi kuutembea kwa miguu bila kumfuata mdeni.

Nimeishi na vitabu vya historia maisha yangu yote, nimefundisha kwa vitabu hivyo, na sijakutana na mtu anayefanya kazi kama binti huyu. Hasemi jambo bila kumtaja aliyemwambia. Tukiwa mbele ya ghala la kahawa la Mreno: "Hii niliambiwa na mama Alphonsine, anauzaka samaki pale beach, kwa bandari ya mutoni. Baba yake alikuwa anabeba magunia hapa." Mbele ya duka la vitambaa la Mhindi: alimtaja fundi cherehani aliyejifunzia kazi barazani pake. Kando ya msikiti: alimtaja mzee mmoja, akaongeza kwamba mzee huyo na ndugu yake hawaelewani juu ya mwaka, kwa hiyo mwaka haweki.

Mwaka haweki! Nilitaka kumpigia makofi.

Na mji ukafunguka. Nilikuwa nimeuona wiki nzima kama kinywa kilichong'oka meno. Pamoja naye nikaona tena kwamba mtaa mmoja mfupi uliwahi kubeba Wagiriki, Wahindi, Waswahili wa msikitini, watu wa mto kutoka Isangi na Yanonge, na kwamba bado unabeba. Majina tu ndiyo yamebadilika. Alipomwonyesha papa Kambale na kusema "na sasa Wanande," yaani watu wa kabila lake la Butembo, papa Kambale akainua kofia yake kama mtu anayepokea nishani.

Tukafika palipokuwa na duka la mkate la Mgiriki. Clarisse alielekeza mwavuli upande wa kuume, kwenye kizingiti chenye vipande vya vigae vya bluu.

Mimi nikaingilia kati. Nilisema, kwa sauti ya ualimu, kwamba samahani, duka la Mgiriki lilikuwa upande wa kushoto. Nimekula mkate wake utoto mzima.

"Papa, uko na hakika?" akauliza Clarisse.

"Kama jina langu."

"Kushoto iko garage, papa," akasema Kambale. "Ama Mugiriki alikuwa anapika mikate na mafuta ya moteur?"

Wakacheka, nami nikacheka kwa shingo ngumu. Clarisse hakucheka. Alinitazama kidogo, akauliza: "Mulikuwa munakaa ng'ambo? Lubunga?"

Nikasema ndiyo, tulikuwa watu wa ng'ambo, tulivuka mto kwa pirogi, mtumbwi wa mti, kila siku ya shule.

"Voilà. Basi mulikuwa munapanda kutoka mutoni. Sisi leo tunashuka kwenda mutoni. Papa, geuka."

Nikageuka, mgongo kwa mto. Duka la Mgiriki likawa kushoto kwangu, mahali pake pa siku zote, na pua yangu, naapa, ikasikia harufu ya mkate.

"Watu ya ng'ambo wote wanakuwaka hivi," akawaambia wenzangu, bila kunidhihaki. "Mutu ya Lubunga anaweka muji mu kichwa kama anatoka mu pirogi. Nikiandika maneno yake, ninaulizaka kwanza: ulikuwa unaangalia wapi?"

Kutoka hapo nilibaki nyuma ya wenzangu. Kuna jambo lilikuwa limeanza kunitekenya ndani, na nililiogopa.

Makaburini tuliingia kwa lango kubwa. Clarisse alitupitisha kwenye mawe yenye herufi za Kigiriki, kwa manahodha wa meli za mto, kwa masista waliokufa kwa homa wakiwa bado wasichana, kwa makaburi mafupi ya Waislamu yaliyoelekezwa upande mmoja kama watu wanaosikiliza. Sauti yake huko ilishuka. Kila penye majani marefu aliyakanyaga yeye kwanza, kwa ajili ya nyoka, kisha akatupisha.

Halafu akasimama mbele ya kaburi la vigae vyeupe.

"Hii nzuri!" akasema papa Kambale. "Alikuwa nani?"

"Sijui."

"Unajua mpaka mushona nguo wa Muhindi, hii haujui?"

"Kibao waliiba. Mutu wa kuniambia bado sijapata. Kwa kaburi ninaombaka watu wawili, papa. Mutu mumoja anaweza kukosea. Anaweza pia kutamani."

Sidhani alinilenga. Hakujua lolote. Lakini neno lile liliniingia chini ya mbavu. Ningeweza kufungua mdomo na kusema: mimi ninamjua, ni mama yangu. Ningekuwa shahidi wa kwanza, na dada angekuwa wa pili kwa picha niliyomtumia mwenyewe, na uongo wangu ungeingia katika daftari lile safi na kutembezwa kila Jumamosi baada ya mimi kufa.

Nilisubiri wenzangu watangulie, nikamvuta Clarisse kando, nikamweleza yote, na jina la mama, Albertine. Picha pia.

Hakunikaripia. Aliuliza swali moja.

"Siku ya kuzika, mulitoka wapi na sanduku?"

Ng'ambo, bila shaka. Mama alivuka mto mara ya mwisho kwa pirogi ya shemeji yake, sisi nyuma katika pirogi nyingine, wanawake wakiimba. Na tulipopanda kutoka majini hatukuzunguka hadi lango kubwa. Nani angezunguka na sanduku begani? Tuliingia kwa lango la chini.

"Lango ya chini walifunga na matofali," akasema Clarisse. Tayari alikuwa anatembea.

Tulishuka hadi ukuta wa upande wa mto. Alama ya lango bado ipo, matofali ya rangi nyingine. Nikaliweka mgongoni kwangu. Safu ya kwanza. Ya pili. Ya tatu. Nikageuka kuume, nikaenda hadi mwisho nikisukuma majani kwa fimbo, na mguu wangu wa kushoto ukazama.

Mtaro.

Nilikuwa nimeuruka mtaro huo nikiwa na pembe ya sanduku begani. Mguu uliukumbuka kabla ya kichwa.

Kando yake yapo matuta matatu ya udongo, yamelingana, hayana msalaba wala jiwe. Nilisimama mbele yake nikitafuta ndani yangu dalili ya kuchagua moja. Haikuja. Siku ya kumzika mama nilitazama chini tu, sikuangalia nani alilala jirani, na huenda wengine wawili walizikwa baada yetu, katika zile wiki ambazo sisi tulikuwa njiani.

"Ni la katikati," nikasema hatimaye.

"Unajua, papa, ama unatamani?"

Hakusema kwa ukali. Papa Kambale, aliyekuwa ametufuata bila kualikwa, alivua kofia.

"Ninatamani," nikasema.

Clarisse akatoa daftari katika plastiki na kuandika, akiniwekea ukurasa niuone: Mama Albertine, wa Lubunga. Moja ya haya matatu. Kaambiwa na mwanawe. Chini yake aliacha mstari mtupu kwa shahidi wa pili. Nimesoma kumbukumbu nyingi za watu wakubwa. Hakuna iliyonipa heshima kama mistari ile mitatu.

Nilimpigia dada saa tisa, nikiwa nimekaa kwenye ngazi za kanisa. Nilimwambia kwa mpangilio, kama mwanafunzi aliyevunja dirisha: picha si ya mama, nilijua si ya mama, nilichoka, nilikudanganya. Halafu nikamwambia habari za lango la chini, mtaro, na matuta matatu.

Nilimsikia akivuta kiti, akakaa.

"Ile photo nimeonyesha mpaka padri," akasema Bernadette. "Padri, Maurice! Akaniambia mama yenu amelala kama mke wa gouverneur."

"Nisamehe, dada."

"Nilijiuliza vigae ilitoka wapi. Nikasema labda ndugu yangu amejenga bila kuniambia, anataka kunishangaza. Mujinga mimi." Akapumua. Nilisikia kuku wake nyuma. "Na hiyo tatu, iko na majani?"

"Mpaka kiunoni."

"Unakumbuka nani alizikwa pembeni?"

"Hapana. Wewe?"

"Mimi nilikuwa nalia, nitakumbuka nini?" Kisha sauti yake ikawa ile ya dada mkubwa, iliyonipeleka kisimani kwa miaka. "Bon. Palia yote tatu. Mama hangekubali majirani yake wabakie muchafu na yeye safi. Watasema nini? Palia, kisha utume photo ya yote tatu, na mimi nitapeleka kwa padri mwenyewe, nimuambie ndugu yangu ni muongo lakini anajua kulima."

Nilicheka hadi mama mmoja aliyekuwa anauza kwanga, mikate ya muhogo, pale ngazini akaniuliza kama niko salama. Nikamwambia niko salama. Ilikuwa kweli, kwa mara ya kwanza tangu Jumatano.

Sasa jua linashuka na joto bado halijaondoka. Mama mwenye nyumba amenikopesha jembe, na amecheka mikono yangu. Tiketi yangu ya kurudi ni ya Alhamisi. Matuta matatu, mgongo wa mzee, asubuhi nne kabla jua halijawa kali: zitatosha. Nitakwenda kesho baada ya misa ya kwanza, niingie kwa lango kubwa kama watu wote na kushuka hadi chini.

Nianze na tuta lipi?